Mnong'onezi wa Baltasar Pimenta

Kwa miaka ishirini na sita Leopoldina Quaresma alimjua Baltasar Pimenta kutokea chini. Alizijua tundu za pua yake, soli za viatu vyake, na kile kidevu cha pili ambacho wachoraji wa mabango walikisahau kwa adabu. Ungemwuliza mtu yeyote wa Lisboa akuelezee Baltasar Pimenta, angeanza na nyusi. Leopoldina angeanza na visigino.

Ndivyo kazi yake ilivyokuwa. Mbele kabisa ya jukwaa la ukumbi wa Bela Aurora palikuwa na shimo, juu yake kibanda kidogo cha mbao, na humo ndani alikaa yeye, kitabu cha mchezo mapajani, watazamaji mgongoni, waigizaji mbele ya pua. Kila mstari aliunong'oneza kabla mwigizaji hajausema. Si pale mtu aliposahau tu, la, kila mstari, kila onyesho. Waigizaji wa siku zile hawakuwa na mazoea ya kukariri. Ukariri kwa nini, na yupo mtu shimoni ambaye kazi yake ni kukukumbusha?

Alijivunia kazi hiyo, ingawa jina lake halikuwahi kuandikwa kwenye bango lolote. Mnong'onezi hodari ni yule ambaye hata mtu wa safu ya kwanza hajui kama yupo. Miaka thelathini na mmoja Leopoldina hakukohoa shimoni, hakupiga chafya, hakucheka kwa sauti. Kicheko kilipomjia, na kwa Baltasar kilimjia kweli, alikimeza, kikabaki usoni tu.

Na wa kumhitaji kuliko wote alikuwa huyo huyo Baltasar. Hilo alilijua mpaka muuza maua wa mlangoni. Katika "Wapangaji wa Mjane", kichekesho kilichoulisha ukumbi mzima, aliigiza Nahodha Anacleto, mzee anayejidai ni baharia mstaafu ilhali hajawahi kupanda hata pantoni ya kuvuka mto. Alikuwa ameigiza nafasi hiyo zaidi ya mara mia nane, na bado watu walisema, mtoe Leopoldina shimoni uone kama Pimenta atakumbuka hata jina lake mwenyewe. Baltasar hakuwahi kuyakanusha maneno hayo. Alicheka nayo, akaagiza kahawa nyingine.

Basi mwaka wa hamsini na nane televisheni ikaja kukitaka kichekesho hicho.

Mwongozaji aliyetumwa aliitwa Adérito Falcão, kijana wa miaka ishirini na tisa aliyekwenda kusomea kazi Paris na kurudi na miwani mizito na adabu nyingi. Aliwakusanya waigizaji katika studio kule Lumiar, akawaeleza. Mchezo ungerushwa moja kwa moja, Jumapili saa kumi na moja jioni. Kitakachotendwa ndicho kitakachoonekana, wakati huo huo, katika kila mkahawa wenye televisheni toka kaskazini hadi kusini. Hakuna kurudia.

Siku ya kwanza ya mazoezi Leopoldina alitafuta shimo, asilione, akajibanza nyuma ya sofa. Alinong'oneza mstari wa kwanza. Fundi wa sauti akavua vile vidude vya masikioni kama vimemuunguza.

"Kuna nyoka humu ndani?" aliuliza.

"Si nyoka, ni mimi," alijibu Leopoldina kutoka nyuma ya sofa.

Falcão alikuja mwenyewe, akainama. "Bi Leopoldina, niwie radhi, mama yangu. Hii maikrofoni inasikia hata tumbo likinguruma. Televisheni haina shimo. Itabidi wote wakariri."

"Wote?" aliuliza Leopoldina, akamtazama Baltasar.

Baltasar alikuwa anatazama viatu vyake.

Kuanzia hapo Leopoldina aliwekwa nyuma ya ukuta wa mbao wa sebule ya mjane, karibu na mlango, mahali ambapo hata mazoea yakimshinda hasikiki. Waigizaji wengine walinung'unika, kisha wakakariri. Graciete Lobato, aliyeigiza mjane, alijifunza maneno yake yote huku anapiga pasi nguo za mumewe. Custódio Regala, ambaye nafasi yake ilikuwa tarishi wa mistari sita, alikariri hiyo sita kwa siku moja, na kwa siku tatu zilizofuata akaikariri ya Nahodha yote, bila kuombwa na mtu. Kuna watu wema wa namna hiyo katika kila kazi.

Baltasar peke yake ndiye aliyekwama. Alianza vizuri, akasema mistari miwili mitatu kama maji ya bomba, halafu akanyamaza ghafla mdomo wazi, jasho likamtoka. Wiki nzima ikaenda hivyo. Alhamisi Falcão alimvuta pembeni, na kwa kuwa Leopoldina alikuwa nyuma ya ukuta ule ule, alisikia kila neno.

"Bwana Baltasar, mimi nimekua nikikutazama wewe. Babu yangu alinileta Bela Aurora nikiwa na miaka saba. Lakini ukinyamaza hivyo hewani, nchi nzima itakuona umekufa macho wazi. Jumapili asubuhi tunafanya zoezi la mwisho. Ukikwama hata mara moja, jioni Nahodha atakuwa Bwana Regala."

"Nimekusikia, mwanangu," alisema Baltasar.

Sauti yake ilikuwa ndogo sana. Leopoldina alishika ukuta kwa mkono. Mzee wa miaka sitini na minane, akinyang'anywa nafasi yake siku ile ile ambayo mabango yameshabandikwa, nani atampandisha jukwaani tena? Angeketi mkahawani kila asubuhi akihurumiwa, na kumhurumia mchekeshaji ni kumzika akiwa mzima.

Jioni hiyo Leopoldina alimchukua Baltasar nyumbani kwake, mtaa wa Mouraria, ghorofa ya nne, alikoishi na dada yake Felismina. Felismina alikuwa jikoni anakata sukumawiki nyembamba kama uzi kwa ajili ya supu.

"Kwa hiyo sasa mnasomea jikoni kwangu," alisema. "Karibu, Bwana Baltasar. Ukikumbuka mistari mitano nakupa supu, ukikumbuka kumi nakutilia na soseji."

"Nitakufa njaa, Bi Felismina."

"Basi kaa, ule kwanza, ufe baadaye."

Leopoldina alifungua kitabu, akavaa miwani, akaweka kidole kwenye mstari. Alikuwa mkali kama mwalimu wa katekisimu. Hakuinua macho.

"Anza. Mjane anakuuliza umesafiri wapi."

"Nimevuka bahari saba, bibi," alisema Baltasar, "na zote nilizikuta zimelowa."

Akanyamaza. Leopoldina alingoja, kidole kimesimama. Sufuria ilichemka.

"Na nilipolalamika," alimkumbusha hatimaye.

"Na nilipolalamika kwa mkuu wa bandari, akaniambia ndivyo zinavyoletwa. Najua."

"Kama unajua, mbona husemi?"

Baltasar alimtazama, kisha akaitazama supu. "Sijui," alisema.

Walikwenda hivyo kitabu kizima. Alipata soseji kwa huruma tu. Baada ya kuondoka Leopoldina alikaa na mkasi na kadi nyeupe, akaandika kila mstari wa hatari kwa herufi kubwa, na kesho yake akazipeleka studio. Moja aliitia ndani ya kofia ya Nahodha. Nyingine aliificha nyuma ya chombo cha maua, nyingine kwenye bakuli la sukari, nyingine akaishona ndani ya kipepeo cha mjane ili Graciete akipepea Baltasar asome. Kazi nzuri kabisa. Alirudi nyuma ya ukuta wake akiwa na moyo mweupe.

Baltasar alikwama mara tatu.

"Hazisomi," Graciete alimwambia Leopoldina walipopumzika. "Nimempepea mpaka mkono umekufa ganzi, hata hakukitazama kipepeo. Akikwama anatazama chini. Pale sakafuni, mbele ya ile kamera ya pili. Ungedhani ameangusha kitu."

Leopoldina alijipiga paji la uso. Maskini ya Mungu, alikuwa analitafuta shimo! Miaka yote hiyo neno limemtokea chini, sasa atalitafutaje ndani ya kofia? Dawa ilikuwa rahisi. Mtu akae pale shimo lilipopaswa kuwa.

Alikwenda kwa Falcão. "Nipe nafasi chini ya kamera ya pili," alisema. "Sitatoa sauti. Nitachezesha midomo tu, na yeye atanisoma."

"Bi Leopoldina, yule fundi wa sauti..."

"Nimekaa shimoni kabla hujazaliwa, mwanangu. Kunyamaza ndiyo kazi yangu."

Falcão alikubali, kwa sababu hakuwa na njia nyingine na kwa sababu, nadhani, hakutaka kuingia katika historia kama kijana aliyemzika Pimenta.

Jumapili asubuhi mafundi walimtafutia kreti la bia, wakalipindua chini ya kamera. Mtaka cha uvunguni sharti ainame. Leopoldina, na miaka yake hamsini na minane na goti lake la kulia, alijikunja akaketi, kitabu mapajani, kamera ikinguruma taratibu juu ya utosi wake. Baltasar aliingia na kofia ya Nahodha. Alipomwona pale chini alisimama kidogo, halafu mabega yake yakashuka kama ya mtu aliyetua mzigo.

Zoezi likaanza. Leopoldina alichezesha midomo mstari kwa mstari. Bahari saba zikalowa, mkuu wa bandari akajibu, na Baltasar akapita bila kugusa ukingo. Sehemu ya kwanza ikaisha salama. Kule kwenye kona Custódio Regala alikuwa ameacha kujitazama kwenye kioo.

Katikati ya sehemu ya pili jambo likatokea. Fundi mmoja alivuta waya, waya ukapita juu ya kitabu, na kurasa mbili zikafunuka pamoja. Leopoldina hakugundua. Alikuwa anamtazama Baltasar na kuchezesha midomo, akishusha jicho kitabuni mara moja moja, mpaka aliposhtuka kwamba midomo yake inasema habari za barua ya tarishi wakati Baltasar yuko bado kwenye habari za kasuku. Ukurasa mzima ulikuwa umepita hivyo. Na Baltasar hakukosea hata neno.

Leopoldina alifumba mdomo. Baltasar akaendelea. Alifunika kitabu. Baltasar akaendelea. Leopoldina alikuwa bado na lile tabasamu lake la kawaida la habari za kasuku, mtu wa mara mia nane haachi mazoea kwa siku moja, na sasa, kwa mshangao tu, tabasamu lenyewe likamtoka usoni. Hapo hapo Baltasar akasita. Jicho lake likamshukia Leopoldina. Leopoldina akatabasamu upesi. Baltasar akasonga mbele.

Leopoldina alijaribu tena baada ya kurasa tatu, kwa makusudi. Alinuna, Baltasar akakwama. Alitabasamu, Baltasar akakwamuka. Lilikuwa jambo la nusu pumzi tu, Falcão kule juu kwenye chumba chake cha vioo hakuliona, na zoezi likaisha kwa makofi ya mafundi. Baltasar alibaki Nahodha. Watu wote walifurahi, isipokuwa Custódio na Leopoldina.

Mchana walikaa wawili katika mgahawa wa ng'ambo ya barabara, sahani ya sardini za kuchoma kati yao.

"Unayajua maneno yote," alisema Leopoldina.

Baltasar alitoa mwiba mdomoni, akauweka ukingoni mwa sahani. "Nayajua."

"Tangu lini?"

"Ya Nahodha? Tangu mwaka wa thelathini na tano. Au na sita. Ile michezo mingine huwa nachelewa kidogo."

"Na mimi nilikuwa nanong'oneza nini, Baltasar?"

"Mistari."

"Usinichezee."

"Sikuchezei." Alisukuma sahani. "Sikiliza, Leopoldina. Pale jukwaani zile taa za chini zinanipofusha. Ukumbi una watu mia sita, na mimi simwoni hata mmoja. Nawasikia, ndiyo, lakini watu huchekea hata mtu akidondosha mwavuli. Ninayemwona ni mmoja. Nikikuona uso umekulegea najua hapo pamekaa sawa, naendelea. Ukikaza najua nimeharibu, natengeneza. Sasa kule ndani hakuna anayecheka. Wamevaa madude masikioni, wanatazama saa. Nasema neno la kuchekesha, linaanguka sakafuni, puu. Najua linalofuata, nalijua vizuri, lakini miguu haiendi."

"Mbona hukusema?"

"Niseme nini? Kwamba Pimenta mkubwa anangoja ruhusa ya mwanamke mmoja? Afadhali waseme sina kumbukumbu. Hilo halina aibu."

Leopoldina aliumia. Tuseme kweli, aliumia sana. Miaka yote hiyo alijiona yeye ni kichwa cha mtu mkubwa, akalala na fahari hiyo na kuamka nayo, kumbe alikuwa meno ya kutabasamu tu. Alizikumbuka kadi zile alizozikata kwa mkasi, akamkumbuka Felismina na soseji zake, akaona kila mtu amefanywa mjinga.

"Vizuri," alisema akiinuka. "Nimekuchekea bure mara mia nane. Leo hupati cha bure. Nitakaa pale kama hakimu, na kama unataka uso wangu ulegee, utaulegeza mwenyewe."

"Leopoldina, ni hewani."

"Najua ni hewani."

Alimwacha na sardini sita ambazo hakuzigusa tena.

Saa kumi na moja kasoro dakika moja kila mtu alikuwa mahali pake. Leopoldina aliketi kwenye kreti, mikono mapajani, bila kitabu. Hasira ilikuwa imeanza kupoa, na chini ya hasira palikuwa na woga, lakini alikuwa mtu wa Mouraria na neno lake alikuwa ameshalitoa. Taa nyekundu ikawaka.

Baltasar aliingia, akavua kofia kwa mjane, akaulizwa amesafiri wapi.

"Nimevuka bahari saba, bibi, na zote nilizikuta zimelowa."

Akamtazama Leopoldina. Leopoldina akamtazama yeye, uso mkavu kama mkate wa juzi. Pumzi moja ikapita, ikapita ya pili. Kipepeo cha Graciete kilisimama hewani. Kwenye kona Custódio alishika sharubu zake za tarishi kama mtu anayejiandaa kuzibandua. Leopoldina akaanza kujilaani, midomo yake ikataka kufunguka. Na hapo akaona kitu machoni mwa Baltasar ambacho hakuwahi kukiona kutokea chini. Alikuwa amemkasirikia.

"Zimelowa," alirudia Baltasar polepole, akiitazama mikono yake kana kwamba bado ina maji, kisha akaipangusa kwa pindo la kitambaa cha meza cha mjane, kidole kimoja baada ya kingine, kwa heshima kubwa. "Na nilipolalamika kwa mkuu wa bandari, akaniambia ndivyo zinavyoletwa."

Kona ya mdomo wa Leopoldina ilitikisika. Hiyo ndiyo aliyompa, kona moja, na Baltasar akaichukua kama mwenye njaa.

Kuanzia hapo alimwigizia yeye. Si Graciete, si kamera, si nchi nzima. Alitoa kila alichokuwa nacho na alichokuwa amekiweka akiba, na Leopoldina, akiwa amekaza taya mpaka linauma, aliona mambo ambayo hakuwahi kuyajua. Shimoni, jicho moja kitabuni, huoni mikono ya mtu aliyegeuka ubavu, kofia kaificha mgongoni. Kumbe wakati Nahodha anaringa juu ya dhoruba, vidole vyake kule nyuma vinaisokota ile kofia kwa hofu, na mara mia nane watu nyuma yake Leopoldina walikuwa wakichekea mikono hiyo huku yeye akidhani wanachekea maneno. Aliona jinsi anavyoketi, jinsi anavyoliogopa kila kochi kabla ya kuliamini. Mzee yule alikuwa mzuri sana. Alikuwa mzuri kuliko Leopoldina alivyowahi kumkumbusha kuwa.

Leopoldina hakucheka lakini. Alimeza moja, akameza nyingine, akajifinya paja. Yeye mwenyewe hakujua tena kama ni ukaidi au ni kazi.

Sehemu ya tatu Nahodha anamposa mjane. Mjane anasema marehemu mumewe alipiga magoti. Nahodha anatazama sakafu, anapima umbali, anashuka kwa awamu tatu, na goti la pili likigusa chini anasema, kwa mujibu wa kitabu, "Bibi, meli imetia nanga," na mjane anajibu, "Basi inuka, Nahodha, nimekubali." Leopoldina aliijua mistari hiyo kama anavyolijua jina la mama yake.

Baltasar alishuka. Sakafu ya studio haikuwa na shimo, kwa hiyo alipofika magotini uso wake ulikuwa sawasawa na uso wa Leopoldina kwenye kreti, hatua tatu kati yao. Hawakuwahi kutazamana hivyo, macho kwa macho, hakuna aliye juu. Leopoldina midomo yake, kwa mazoea, ilishaanza kuumba ile meli na nanga.

"Bibi," alisema Baltasar, "usinijibu haraka. Ukinikubali, nitahitaji mtu mmoja wa kuninyanyua. Ukinikataa, wawili."

Neno hilo halikuwemo kitabuni. Halikuwahi kuwemo. Kwa mara ya kwanza katika miaka thelathini na mmoja Leopoldina Quaresma alikuwa hajui kinachofuata, na kicheko, ambacho siku zote alikiona kikija toka mbali akajiandaa kukimeza, kikamkuta mlango wazi. Kilimtoka chote. Kilianza kama kilio cha bata, kikapanda, kikakatika, kikaanza upya. Fundi wa sauti alirusha vidude vyake. Graciete alijifunika uso wote kwa kipepeo, mabega yakimtetemeka, na kadi ya mistari ikachomoka ndani yake ikaanguka. Kule juu kwenye vioo Falcão alikuwa amesimama.

Baltasar hakusogea. Alibaki magotini, akakingoja kicheko kile kwa subira, akakiacha kipande, kipae, kitue, na kilipobaki mkia tu akasema kwa utulivu, "Bibi, meli imetia nanga," na mchezo ukaenda mpaka mwisho bila kukwama popote.

Taa nyekundu ilipozimika Falcão aliteremka ngazi mbili mbili. Watu walimpisha.

"Bwana Baltasar. Mstari ule haumo katika kitabu kilichopigwa muhuri. Kesho wakubwa wa udhibiti, wale wa penseli ya bluu, watanipigia simu."

"Waambie hauna siasa, mwanangu. Ni magoti tu."

"Na Bi Leopoldina. Tulikubaliana nini?"

Leopoldina alikuwa bado anafuta macho. "Tulikubaliana ninyamaze," alisema. "Kijana wangu, sina cha kukuambia."

Falcão alivua miwani, akaisafisha kwa tai yake. "Mimi pia nilicheka," alisema. "Ila mimi nina kioo." Akawapa mkono wote wawili, akaenda kumtuliza fundi wa sauti.

Walitoka pamoja kusubiri tramu. Baltasar alichechemea, magoti yamemlipiza.

"Mstari ule umeutoa wapi?" aliuliza Leopoldina.

"Ninao tangu mwaka wa arobaini na nane."

"Miaka kumi? Na hukuusema?"

"Ningeusemaje? Kila nikifika hapo unaninong'oneza ule wa kwenye kitabu. Mtu ataanzaje kukubishia wewe?"

"Ni mzuri," alisema Leopoldina. "Kesho nitauandika kwenye kitabu."

"Usiuandike."

"Sawa, siuandiki."

Tramu ikaja. Baltasar alimpa mkono kupanda, naye akaupokea, ingawa mwenye magoti mabovu zaidi alikuwa ni yeye Baltasar.

Felismina alikuwa amerudi kutoka mkahawani, viatu ameshavua, meza ameshaandaa. Hakumpa dada yake hata nafasi ya kutua mkoba.

"Kaa. Mkahawa ulijaa mpaka barabarani, umenisikia? Wanaume wamevua kofia. Mzee Ventura alimwitikia mtangazaji jioni njema. Na kimya! Saa nzima watu wameketi kama wako kwenye misa, kila mtu anamtazama mwenzake, hajui kama mbele ya kile kitu inaruhusiwa kucheka. Mimi mwenyewe nimeziba mdomo kwa leso. Halafu kikaja kicheko kutoka ndani ya televisheni. Leopoldina, ule mkahawa ulianguka. Mzee Ventura alilia. Watu walicheka mpaka mwisho, na kwa yale ya nyuma waliyoyabana wakacheka pia. Nikasimama nikawaambia, huyo aliyecheka ni dada yangu."

"Ulijuaje ni mimi?" aliuliza Leopoldina. "Kazini sijawahi kucheka hata siku moja."

Felismina alimwekea sahani, akakaa ng'ambo yake.

"Ndivyo ulivyokuwa ukicheka," alisema, "kabla hujaenda kukaa shimoni. Nilidhani umekisahau."

Leopoldina alishika kijiko, akakiweka chini tena, akamwomba dada yake amsimulie upya, toka mwanzo, alivyosikika.